Daktari Wetu wa Nebraska

Wacha niseme mwenyewe kabla Wambui hajasema, maana akisema yeye ataongeza chumvi mpaka mchuzi usilike. Mwanangu Lennox hasomei udaktari. Hajawahi kusomea udaktari hata siku moja. Yuko kwa chuo kidogo huko Nebraska, Amerika, ambako walimpa masomo ya bure kwa sababu anajua kurusha mpira. Si kupiga teke, kurusha. Kwa mkono. Mchezo unaitwa besiboli, na alijifunzia hapa hapa Birmingham, Uingereza, kwa uwanja wa manispaa, pamoja na Wazungu wanane na Mjapani mmoja, zile Jumamosi zote ambazo mimi nilijua yuko maktaba.

Sasa udaktari ulitoka wapi? Ulitoka kwa mdomo wangu. Siku ya kumwombea safari njema, nyumba ikiwa imejaa watu wa ushirika wetu wa maombi, Wambui aliniuliza mbele ya wote, na ile sauti yake ya kutafuta ubaya: "Mama Lennox, kwani kijana anaenda kusomea nini huko mbali hivyo?" Ningejibu nini? Kwamba nimebeba wazee wa watu kwa nyumba ya kutunzia wazee miaka kumi na saba, nimewaosha, nimewalisha, mgongo wangu umekwisha, ndio mtoto aende kutupa mpira? Nikasema, "Udaktari." Watu wakapiga makofi. Lennox alikuwa amesimama mlangoni na sahani ya pilau. Aliniangalia, akaangalia sahani. Yule mtoto anajibu kwa Kiingereza siku zote, lakini Kiswahili anakisikia chote.

Tangu siku hiyo nikapata kazi nyingine juu ya kazi. Watu walianza kuniletea magonjwa yao nimpelekee Lennox kwa simu. Mzee Cleopas, kiongozi wa ushirika wetu, ana goti. "Mama Lennox, hebu muulize daktari wetu juu ya hili goti." Nilingoja siku mbili ndio ionekane kweli ameulizwa, kisha nikamwambia Lennox amesema aweke barafu, ainue mguu jioni, na aache kupanda ngazi za stesheni kama mtu anayefukuzwa na polisi. Goti likapoa. Cleopas akasimama kutoa ushuhuda dakika ishirini nzima, akimtaja Lennox kwa jina. Mimi nilisema amina kuliko wote, kwa aibu.

Na huyo daktari mwenyewe alikuwa haongei na mimi vizuri. Anapiga simu Jumapili mchana, yuko sawa, mimi niko sawa, amekula, nimekula, kwaheri. Mpira hautajwi. Kabla hajaondoka nilikuwa nimemwambia kwamba mchezo si kazi, na kwamba mimi Mumbua sitawahi kukaa mahali nikishangilia mtu mzima anayecheza. Nilisema kwa hasira, na hasira zangu Mungu anazijua. Basi miezi minane ikapita hivyo, mpaka wiki moja ya mwezi wa nne akanitumia ujumbe. "Jumapili hii, saa kumi na mbili jioni ya huko kwenu, naanza mimi kurusha. Hakuna televisheni, ni redio ya chuo tu." Chini aliweka mahali pa kubonyeza. Hakusema nisikilize. Hakusema nisisikilize. Niliusoma ndani ya basi namba kumi na moja nikienda kazini Erdington, nikausoma tena na tena, nikapitishwa kituo changu na kingine cha mbele yake.

Nilitaka kumsikia mwanangu, basi. Sina maneno mengine. Nilitaka kusikia mtu asiyenijua akitaja jina lake.

Lakini besiboli kwa redio, jameni! Nilifungua ile redio kazini wakati wa chai nijaribu mechi nyingine, nikasikia mwanamume akiongea polepole juu ya mvua, juu ya duka la matrekta, juu ya mjomba wa mtu fulani, halafu ghafla watu wakapiga kelele, halafu akarudi kwa mvua. Sikujua nani amefanya nini. Nikampelekea simu Mzee Baldev wa chumba cha tisa, mmoja wa wazee ninaowaosha. Huyu alifanya kazi kwa viwanda vya vyuma vya hapa miaka arobaini, macho yake yamekwisha, na kriketi ya redio ndiyo inayomweka duniani. Kazini ni yeye peke yake aliyejua ukweli, kwa sababu ukimwosha mtu kila asubuhi mnaishia kuambiana mambo.

"Kosa lenu nyinyi wenye macho ni kuutafuta mpira," akaniambia. "Achana na mpira. Msikilize mtangazaji. Akiongea sentensi ndefu, hakuna kitu. Sentensi zikianza kukatika, kaa tayari."

"Na hii straiki ni nini?"

"Mtoto wako amerusha, mwenye gongo ameshindwa kuupiga. Straiki tatu, mwenye gongo anaenda kukaa. Wakikaa watatu, timu zinabadilishana. Wanafanya hivyo mara tisa. Kriketi iliyoharibiwa na watu wenye haraka." Akanishika mkono. "Mimi kijana wangu ni mhasibu. Hakuna redio imewahi kumtangaza. Sikiliza."

Nilikuwa tayari kabisa, isipokuwa jambo moja. Jumapili hiyo ilikuwa zamu ya ushirika nyumbani kwangu, Acocks Green. Na zamu za ushirika anazipanga Wambui, na Wambui hahamishi zamu ila kwa kifo, na kifo chenyewe kiwe cha karibu. Nikapiga hesabu. Wakenya ninawajua, mimi ni mmoja wao. Nikatangaza kwamba tunaanza saa tisa kamili, nikijua watafika saa kumi, tuombe, tuimbe, tule, na saa kumi na moja na nusu niwe nimewasukuma mlangoni na mabaki yao ndani ya vikopo. Kumbe nao wananijua. Walisema, Mama Lennox anasema saa tisa, basi anataka tufike saa kumi, kwa hivyo tufike saa kumi na moja. Wa kwanza aligonga mlango saa kumi na moja na dakika kumi, akaniomba msamaha kwa kuwahi.

Halafu utaratibu. Wageni wangu ni kumi na wawili, tunaojuana tangu watoto wetu wako kwa nepi, lakini ni lazima kila mmoja asimame ajitambulishe. Bwana asifiwe. Bwana asifiwe tena. Wambui anajitambulisha kwangu! Wambui ambaye tunafanya kazi nyumba moja ya wazee, tunasimama mmoja upande huu na mwingine upande ule kumgeuza mgonjwa kitandani, anasimama ananiambia jina lake na mahali alipozaliwa. Kisha wimbo. Kisha wimbo mwingine kwa sababu ule wa kwanza ulikuwa umeanzwa juu sana. Saa kumi na mbili kasoro dakika tano, Mzee Cleopas akavaa miwani, akasema, "Leo sitachukua muda mrefu." Nikaingia jikoni nikachomeka earphone sikio moja, nikafunga kitambaa changu cha kichwa vizuri juu yake, nikarudi kukaa karibu na mlango na uso wa mtu anayesikiliza Neno.

Mtangazaji alianza na hali ya hewa. Akaja kwa duka la matrekta. Kisha akasema, "Na anayeanza kurusha leo, mwaka wa kwanza, mrefu kama mlingoti, Lennox Mutiso kutoka Birmingham. Si ile yetu ya Alabama, jamani. Ile ya Uingereza."

Machozi yalinitoka hapo hapo. Wambui aliniona, akadhani ni Neno, akanipa tishu.

Sasa hebu jaribu kusikiliza mahubiri kwa sikio moja na mwanao kwa lingine. Cleopas alikuwa akitusomea juu ya yule mtu mwema aliyenyang'anywa mali yake yote kwa siku moja. Kwa sikio la kulia, sentensi za mtangazaji zikaanza kukatika. Anajikunja. Anarusha. Amekosa! Straiki ya pili. Anajikunja tena. Cleopas akasema, kwa huzuni, "Na ngamia wake wote wakachukuliwa."

"Amina!" nikapiga kelele.

Cleopas akanitazama juu ya miwani, akaendelea. Watumishi wa yule mtu nao wakauawa, na Lennox akamkalisha wa pili. "Amina, asante Yesu!" Haki ya Mungu sikukusudia. Ilitoka yenyewe.

"Mama Lennox," Wambui akasema, "kwani ngamia za watu zimekukosea nini?" Na yule mwanamke ana macho. Akainuka, akanyoosha mkono, akavuta uzi kutoka ndani ya kitambaa changu kama mtu anayetoa nyuzi kwa maharagwe mabichi. Akaweka earphone sikioni mwake. "Ni mpira! Jameni, huyu anasikiliza mpira wakati wa Neno!"

Ningeweza kusema ni mechi ya Harambee Stars, nikatubu, tukaombewa, yakaisha. Lakini sikio langu lilikuwa tupu na mwanangu alikuwa anarusha bila mimi.

"Ni Lennox," nikasema. "Nirudishie, ni Lennox."

"Lennox yuko kwa redio?" Cleopas akafunga kitabu. Mtu aliyekuwa hachukui muda mrefu, na tulikuwa bado kwa ukurasa wa kwanza, akafunga kitabu. "Daktari wetu yuko kwa redio ya Amerika! Weka kwa spika, Mama Lennox, tumsikie sote. Pengine ataongea juu ya presha."

Simu ikachukuliwa mkononi mwangu, ikaunganishwa na ile spika tunayotumia kwa nyimbo, na watu kumi na wawili wakainamisha vichwa kumngoja daktari. Wakasikia duka la matrekta. Wakasikia kasi ya upepo. Kisha wakasikia, "Mutiso anajikunja, anarusha, straiki tatu! Wa tatu anaenda kukaa, na kijana huyu hajaguswa!"

Wote wakanigeukia. Sijawahi kuona watu kumi na wawili wakigeuka pamoja hivyo.

"Anarusha mpira," nikasema. "Hasomei udaktari. Hajawahi. Nilisema uongo kwa sababu niliona aibu, na kama kuna mtu anataka kwenda nyumbani, pilau iko jikoni, ajipakulie aende nayo."

Hakuna aliyeondoka. Cleopas aliushika mguu wake. "Na goti langu?"

"Goti lako ni mimi."

Akalikunja, akalikunjua, akafikiria. "Basi ulisema vizuri," akasema.

Wambui naye alicheka mpaka akalala kwa zulia. "Miezi minane!" alilia. "Miezi minane nafunga Ijumaa kumwombea mtoto afaulu mtihani wa mifupa!" Nilijua hiyo itafika Sparkhill kabla ya Jumatatu na Leicester kabla ya Jumatano. Lakini nilikuwa nimepumua. Nikawaeleza vile Mzee Baldev alinieleza: msiutafute mpira, msikilizeni mtangazaji, hesabuni tatu. Kufikia kipindi cha tatu walikuwa wanajua. Kufikia cha nne Cleopas alikuwa amesimama, goti na yote, akimkemea mwenye gongo kwa jina la Yesu, na kila straiki mabati ya kuokea yakipigwa jikoni. Lennox wangu alikuwa amewakalisha kumi. Nilishangilia mpaka sauti ikapotea, mimi niliyesema sitawahi.

Ndipo sentensi za mtangazaji zikarefuka. Walikuwa wanangoja mtu abadilishe viatu, sijui, na redio haiwezi kunyamaza.

"Nilikaa na kijana huyu asubuhi," akasema. "Kijana mpole. Nikamuuliza wazazi wake watakuja lini kumwona akirusha. Akaniambia amelelewa na mama peke yake, na mama ni daktari bingwa wa moyo, kwa hospitali kubwa kabisa huko Birmingham. Anapasua watu mioyo, jamani. Hapati nafasi hata ya kulala. Akasema kila siku kuna mtu anaishi kwa sababu ya mama yake. Sasa unajua mikono hiyo imetoka wapi."

Hakuna aliyepiga bati. Mkononi mwa Wambui kulikuwa na mwiko, akauteremsha polepole. Wambui, ambaye Ijumaa hiyo hiyo tulikuwa tumebadilisha pamoja mashuka matano ya mikojo. Watu waliangalia zulia, wakaangalia pazia. Mimi niliangalia mikono yangu, yenye harufu ya sabuni ya kazini isiyotoka hata ukipika pilau. Niliumia, sitasema uongo tena. Alinionea aibu. Mtoto niliyemzaa mimi.

"Kama daktari unatusikia huko Birmingham," mtangazaji akaendelea kwa furaha, "tuandikie, tutamsomea mwanao."

Nikachukua simu. Nilikuwa na hasira, na nilijua nitakachoandika. Nitaandika: mimi naosha wazee, naosha wazee huko Erdington, na mikono hii ndiyo iliyonunua viatu vyake vya kwanza vya kuchezea hata kama sikujua ni vya kuchezea. Niliandika "Mimi ni Mumbua, mama yake Lennox. Nasikiliza," halafu nikasimama kutafuta Kiingereza cha yale mengine.

Wambui akaninyang'anya simu. Nilidhani anataka kuniandikia ukweli wenyewe, maana mdomo wake haujawahi kumficha mtu. Akaangalia nilichoandika. Akarudi nyuma, mbele ya jina langu, akaongeza Daktari. Akatuma.

"Wambui!"

"Nyamaza," akasema, bila kucheka. "Hatuwezi kumwaibisha mtoto mbele ya timu yake. Ya nyumbani mtamalizana nyumbani."

Na Mzee Cleopas, ambaye alikuwa ameketi sasa na mguu juu ya stuli, akasema, "Amina."

Dakika tatu baadaye jina langu lilisomwa kwa redio ya Nebraska na kwa spika za uwanjani, Daktari Mumbua, na uwanja mzima huko ukapiga makofi kwa sababu nilikuwa nimepata nafasi katikati ya wagonjwa. Tukawasikiliza wakipiga. Sisi hatukupiga.

Timu ya Lennox ilishinda. Watu walikula, wakaosha vyombo hata kabla sijaomba, wakaniaga kwa upole ule wa matanga, wakaondoka mapema kuliko ushirika wowote niliowahi kuuandaa. Wambui alinikumbatia mlangoni, akaniambia tuonane kesho saa moja. Nikabaki nimekaa kwa ngazi nikitayarisha maneno. Nilikuwa na swali moja tu la kumuuliza Lennox, na nililisema peke yangu mara nyingi kulinoa. Kwani kazi yangu ina ubaya gani?

Simu ikalia. Kulikuwa na kelele za vijana nyuma yake, kisha mlango ukafungwa kukawa kimya.

"Mum. Wamenipa ujumbe wako." Kwa Kiingereza, kama kawaida. "Imeandikwa Daktari."

"Nimeona."

"Kwa hivyo ulisikia."

"Nilisikia yote. Na ushirika walisikia. Walikuwa hapa, kwa spika."

"Wamejua sisomei udaktari?"

"Niliwaambia mimi mwenyewe. Leo."

Nikavuta pumzi nimuulize. Lakini yeye ni mwepesi, amenirithi, akanitangulia, na mara ya kwanza tangu aanze shule akanisemesha kwa Kiswahili, kile cha kuvunjika cha watoto wa hapa, polepole, bila hasira hata kidogo.

"Mama, kwani kazi yangu iko na ubaya gani?"

Nilifungua mdomo kumjibu. Na kila jibu lililokuja, niliona kwamba yeye pia analo, na kwamba angeweza kulijibu swali langu kwa hilo hilo, neno kwa neno.